Alama Moja ya Kukosa

Daftari lina jalada la buluu, panya wamelitafuna pembe.
Ukurasa wa kwanza, mwandiko wa marehemu Mwachofi:
"Klabu ya Mpira wa Yai, Chaani. Wanachama kumi na wanane.
Fedha mkononi, shilingi thelathini na mbili.
Mipira, mmoja."

Meli ya ngano kutoka Australia
iliharibika mtambo, ikalala Kilindini wiki saba.
Mpishi wake, mwekundu kama kamba aliyechemshwa,
alishuka na yai la ngozi kwapani,
akalipiga teke pale getini
ambapo waliokosa kibarua asubuhi ile
walikuwa bado wamesimama, hawajaamua kurudi nyumbani.

Lilidunda kushoto. Wakakimbilia kushoto.
Lenyewe likaghairi njiani.
Athumani Bakuli alicheka mpaka akakaa chini:
"Yakhe, hili halina kibla!"

Akawafundisha. Milingoti minne huku, minne kule,
juu hakuna mwamba, mbingu tu.
Ukipitisha katikati, alama sita.
Ukikosa kidogo, ukapitisha pembeni,
alama moja.

Mwachofi akanyosha mkono kama mtoto wa darasani:
"Unakosa, halafu unalipwa?"
Mpishi akaitikia kwa kichwa.
Wakatazamana, watu ambao jina lisipoitwa saa moja
hurudi na chakula chao kwenye kopo, hakijafunguliwa.
Mama husema klabu ilizaliwa hapo,
si siku ile ya kuchanga pesa.

Boriti nane alizileta mjomba wa Owuor. Zilitoka wapi, haikuandikwa.
Kiwanja kilitakiwa kiwe cha mviringo;
chetu kilikuwa na choo cha shule ndani ya mstari.
Kanuni ya nne: mpira ukigonga choo, urushwe upya,
na aliyemo asisumbuliwe.

Mpinzani hawakuwa naye, si Likoni, si Kisauni,
wala pwani nzima hadi Lamu.
Wakajigawa: zamu ya mchana, zamu ya usiku.
Mwaka wa sabini na tisa, fainali,
mchana walifunga matano safi. Thelathini.
Usiku hawakufunga hata moja,
macho yamejaa mchanga wa usingizi;
walikosa, wakakosa, wakakosa
mara thelathini na moja, wakachukua kikombe.
Hesabu ya ukurasa huo imefutwa na kuandikwa mara tatu,
karatasi imetoboka.

Mama yangu, Mejumaa, alikuja na karai lake la viazi.
Kwanza alishona mpira ulipopasuka,
kwa sindano ya magunia.
Kisha siku moja zamu ya usiku walipungua mtu,
akafunga leso kiunoni, akapanda bega la Kazungu
kama anayeangua dafu,
akaushika mpira hewani.
Walinyamaza wote. Halafu wakabishana wiki nzima
kama kanuni inaruhusu.
Kanuni ilikuwa kimya. Akawa mweka hazina.

Kiwanja kiliuzwa na mtu tusiyemjua
kwa mtu tusiyemwona.
Makontena yalikuja mawili, yakaja sita,
wakacheza katikati yake kama kwenye kichochoro,
mpaka Kazungu alipopiga moja ndefu,
ikapita juu ya ukuta wa chuma, haikurudi.
Ukurasa wa mwisho, mwandiko wa mama:
"Mipira, hakuna. Fedha mkononi, mia nne na kumi."
Hakupiga mstari chini yake.

Sasa daftari ninalo mimi.
Ijumaa humsomea Bakuli, ambaye macho yamemtupa,
na boriti moja ya goli imeshikilia kamba yake ya nguo.
Juzi nilipofika thelathini na moja akanishika kifundo cha mkono.
"Thelathini na mbili," akasema.
"Kuna niliyokosa mimi, karibu na choo.
Mwachofi alikuwa anapenga kamasi."

Nikamwuliza ana shahidi.
Akasema shahidi alikuwa chooni.

Nikachukua penseli, nikaiongeza.